Hezroni Aitwa Mara Tatu

Hezroni wa Mhezi, kijiji cha mlimani, alikuwa na vipaji vitatu, na kwa bahati mbaya hakuna hata kimoja kilichojua kushika jembe. Alikuwa mwigizaji, mwandishi na mtunzi wa nyimbo. Hayo hayakusemwa na mtu mwingine; aliyasema mwenyewe, tena kwa maandishi, maana alikwenda hadi Moshi akachongesha muhuri wa mpira wenye maneno hayo matatu chini ya jina lake, akarudi nao mlimani na kuupiga kila mahali palipokubali wino. Aliupiga kwenye barua, kwenye vitabu vya nyimbo vya kanisa, kwenye mlango wa chumba cha kulala. Eliwaza, mkewe, aliukuta hata kwenye gunia la maharage. Alilipeleka gunia hilo sokoni Same hivyo hivyo na wino wake, na Chande mwenye duka akamwuliza kama haya maharage nayo yanaigiza.

Safari ya mtu huyu ilianzia kanisani, siku ya Krismasi, alipopewa nafasi ya Herode katika mchezo wa watoto. Herode alitakiwa aseme maneno yake machache, akasirike, atoke. Hezroni alisema, akakasirika, akakataa kutoka. Mamajusi walikuja wakamkuta, wachungaji walikuja wakamkuta, na Mtoto Yesu alizaliwa Herode akiwa amesimama pale pale ameshika kiuno, hata ikabidi mwinjilisti amkamate mkono amtoe nje kama anavyotolewa mbuzi aliyeingia kwenye ibada. Watu walicheka wakashika mbavu. Yeye alikisikia kicheko kile, akakichukua kuwa ni wito.

Ilipokuja vita ya Hitla akachukuliwa jeshini, na huko, badala ya bunduki, alipewa kodiani. Kulikuwa na kundi la kuwachangamsha askari, likizunguka kambi hadi kambi, naye akaimba na kukatika viuno mbele ya watu ambao kesho yake walikwenda kufa. Wenzake waliopanda naye gari moshi pale Same walirudi, wale waliorudi, na makovu na usingizi mbaya. Yeye alirudi na kodiani, kofia ya rangi ya majani makavu, na neno moja jipya: konseti. Ibada ikawa konseti. Harusi ikawa konseti. Hata alipozikwa babu yake mzaa mama, Hezroni alisema konseti ilikuwa nzuri ila ilianza kwa kuchelewa.

Malkia wa Waingereza alipotawazwa, akatunga wimbo wa beti ishirini na nne, akashuka nao Same, akauimba bomani peke yake kwenye jua la saa saba. Bwana Shauri, ndiye mkuu wa wilaya, alivumilia beti sita. Mashairi aliyapeleka kwenye gazeti, kumi na moja kwa mpigo, na gazeti likachapa moja, tena baada ya kulifyeka hadi likabaki mistari minne. Ile karatasi aliikata vizuri kwa wembe, akaibandika ukutani juu ya kitanda, na kila mgeni aliyekuja kuazima chumvi alilazimika kuisoma kabla hajapewa chumvi.

Tusimfichie Eliwaza jambo moja: alimpenda mumewe. Alimpenda kwa ajili ya sauti yake. Alikuwa binti wa miaka kumi na tisa, na mwanamume aliyetoka vitani alikaa juu ya jiwe karibu na njia ya mtoni akaimba kana kwamba dunia nzima imenyamaza kumsikiliza. Eliwaza alidhani ameimbiwa yeye. Ilimchukua miaka miwili ya ndoa na mtoto mmoja, Naeli, kugundua kuwa Hezroni angeimba vile vile mbele ya kuku, mradi kuku watulie. Ugunduzi huo ulimwuma sana, akaumaliza peke yake shambani, kwa jembe.

Shamba lenyewe lilikuwa bondeni, chini ya kijiji, mahali ambapo mvua za masika zikikatika hakuna kinachoota bila maji ya ndiva. Kijito kinateremka kutoka msituni, kimekonda, hakitoshi kunywesha hata robo ya mashamba. Watu wa zamani waliliona hilo, wakajenga ukuta wa mawe na udongo wakapata bwawa, ndiyo ndiva. Inajaa usiku kucha, inafunguliwa alfajiri, na maji ya siku hiyo ni ya nyumba moja, kesho ni ya nyingine. Ukingoni vimechomekwa vijiti kwa safu, kila nyumba na chake. Mzee Simeoni, mwenye dhamana ya ndiva, kila asubuhi hung'oa kijiti cha mbele na kukipeleka nyuma. Hakuna karatasi wala karani, na hakuna anayebishana na kijiti.

Ndiva nayo inajaa matope. Ndiyo maana kila Alhamisi baragumu linalia, na watu wote wanakwenda kwenye msaragambo, kazi ya pamoja, wanazoa tope na kuziba ukuta. Asiyekwenda anaimbwa. Wanawake wanalitaja jina lake katika wimbo wakati wa kunawa miguu, na wimbo huo unafika kwake kabla ya jioni. Ukikosa Alhamisi tatu, basi siku utakayoonekana ndivani unaitwa kwa jina mbele ya watu wote, mara tatu, na jibu ni moja tu: "Nimesikia." Ukishasema hivyo unavua viatu unaingia kwenye tope, na mambo yamekwisha. Ukisikia ukanyamaza, kijiti chako kinang'olewa. Katika umri wake wote Eliwaza hakuwahi kuona kijiti kikitolewa, kwa sababu hakuwahi kuona mtu mzima aliyeshindwa kutamka neno moja.

Sasa ukaja mwaka ule serikali iliposhikwa na wazimu wa matuta. Kila mlima uchimbwe matuta, kila mkulima achimbe, la sivyo udongo wote utaishia ziwani. Bwana Maendeleo, Mwingereza kijana mwenye kaptula na magoti mekundu, alipanda Mhezi akahutubia watu, na watu wakamtazama tu. Mtu mmoja akamnong'oneza kuwa kijijini hapa kuna mwigizaji. Haijulikani alikuwa nani, na kama Eliwaza angemjua angemwendea nyumbani kwake na mwiko. Bwana Maendeleo akamwita Hezroni, akamwomba mchezo mfupi wa kuwahimiza watu kufanya kazi kwa bidii. Uchezwe papo hapo kwenye ndiva, siku ya msaragambo, kwa kuwa watu watakuwapo.

Hezroni aliandika wiki tatu. Mchezo ulikuwa wa robo saa, lakini aliandika wiki tatu, amefunga mlango, mkewe akimpitishia uji dirishani. Baragumu lililia Alhamisi ya kwanza, hakutoka. Likalia ya pili, akatoa kichwa nje na kulalamika kuwa linamvurugia mawazo. La tatu hakulisikia kabisa, alikuwa anajaribu sauti ya kukoroma. Eliwaza alikwenda msaragambo mara zote tatu na kuzoa sehemu yake, kisha akasikiliza wifi yake akiimba jina la mumewe. Zipora, dada yake Hezroni, ndiye aliyekuwa mwanzishaji wa nyimbo za ndiva. Alikuwa na sauti iliyopasuka kidogo pembeni, na iliingia moyoni kuliko sauti zote za kaka yake.

Mchezo ulihusu mvivu anayelala wenzake wakifanya kazi. Hezroni atakuwa mvivu. Wanawake wa ndiva watakuja kumwita kwa wimbo, naye atajifunika blanketi, atageukia upande wa pili, atakoroma, watu wacheke na wapate fundisho. Alipowakusanya wanawake kuwaeleza, Zipora aliinua mkono.

"Kaka, huyo mvivu tumwite nani?"

"Hezroni."

"Tumwite jina jingine. Tuseme Fulani."

"Fulani hajulikani Dar es Salaam," Hezroni akasema. "Bwana ataandika taarifa. Mkiimba Fulani, ataandika Fulani. Nimehangaika wiki tatu kwa ajili ya Fulani?"

"Lakini sisi wimbo wa kuita hatuuchezei, kaka. Tukiita tunaita."

"Ndivyo ninavyotaka! Imbeni kama mnavyoimba siku zote. Msiigize. Kazi ya kuigiza niachieni mimi."

Eliwaza alikuwapo, akamtazama Zipora, Zipora akamtazama yeye. Walijua wote wawili kuwa siku hiyo angeitwa kweli. Lakini nani aliwahi kumkatiza Hezroni neno likaingia?

Alhamisi ilipofika alitaka kitanda. Si kitanda chochote, kitanda chao cha kamba, kikabebwa na wanaume wawili hadi ndivani, pamoja na blanketi zito la Eliwaza, la pekee lililokuwamo nyumbani. Bwana Maendeleo aliketi kwenye kiti, kamera magotini. Watu walikuwa wamemaliza kuzoa, miguu imejaa tope. Hezroni akapanda kitandani na kofia yake ya jeshini kichwani, akaanza kukoroma, na lazima tukiri kuwa alikoroma vizuri. Hata Simeoni, mzee asiyecheka bure, alitabasamu.

Zipora akaanzisha. Hezroni yuko wapi, tope limejaa, Hezroni yuko wapi, mikono yetu imechubuka. Wanawake wakaitikia. Kisha wimbo ukanyamaza na akamwita, bila madoido: "Hezroni!"

Hezroni akajikuna mguu. Watu wakacheka.

"Hezroni!"

Hezroni akapiga miayo mirefu yenye mlio. Watu wakacheka tena, lakini si wote. Wazee hawakucheka. Eliwaza alisogea mbele hadi akasimama hatua tano kutoka kitandani, akasema kwa sauti ya chini, "Baba Naeli, jibu. Sema umesikia." Hezroni alimsikia. Alifungua jicho moja, akamkazia kwa hasira, kwa kuwa mke hakuwamo kwenye mchezo.

"Hezroni!" Zipora akaita mara ya tatu, na safari hii sauti ilimpasuka kweli.

Hezroni alivuta blanketi hadi juu ya kofia, akageukia upande wa pili, akatulia. Bwana Maendeleo akainua kamera. Hezroni aliposikia mlio wa kamera alizidi kutulia, ili picha itoke vizuri, na akabaki hivyo muda mrefu kuliko alivyoandika. Pakawa kimya. Ndipo mzee Simeoni alipoinuka, akatembea polepole kwenye ukingo, akainama, akang'oa kijiti cha nyumba ya Hezroni, akakivunja vipande viwili na kuvitupa chini.

"Hodari!" Bwana Maendeleo akasema kwa Kiswahili chake cha kitabuni, akipiga makofi. "Hodari sana! Wote hodari!"

Jioni hiyo Hezroni hakutulia. Alitembea kutoka kitandani hadi jikoni na kurudi, bado ana kofia kichwani.

"Umemwona Simeoni? Umeona alivyoinuka? Taratibu vile! Na sikumfundisha mimi. Yule mzee ana kipaji, hajijui tu."

"Amevunja kijiti chetu," Eliwaza akasema.

"Ndiyo! Na mimi sikuiandika hiyo! Nitaiongeza kwenye nakala ya pili."

Eliwaza alikuwa anahesabu siku. Zamu yao ilikuwa Jumamosi. Mahindi yalikuwa yanatoa mbelewele, na mahindi yakikosa maji wakati huo hayainuki tena. Unavuna mabua ya ng'ombe. Lile shamba ndilo lililokuwa chakula chao hadi mvua za vuli, yeye na binti zake wawili, na mwigizaji vilevile, maana vipaji vyote vitatu vilikuwa vinakula ugali.

Jumamosi maji yalipita kwenda kwa jirani. Eliwaza aliyasikia yakipita kwenye mfereji wa juu. Mchana alikwenda kwa mzee Simeoni, akamkuta anasuka kamba.

"Shikamoo baba."

"Marahaba, mwanangu. Kaa."

"Baba, nimekuja kwa habari ya kijiti. Ule ulikuwa mchezo tu."

Simeoni aliendelea kusuka. "Jina lililoitwa lilikuwa la nani?"

"La Hezroni."

"Zile Alhamisi tatu ambazo hakuonekana, nazo zilikuwa za mchezo?"

"Hapana, baba."

"Zipora aliimba uongo wowote?"

"Hapana."

"Mimi nilimsubiri. Nilisema moyoni, haya, amechekesha, sasa atajibu. Akavuta blanketi. Sasa nionyeshe wewe, mwanangu, mchezo ulikuwa sehemu gani."

Eliwaza aliutafuta mchezo, hakuuona.

"Simchukii," mzee akasema. "Lakini nikimrudishia bure, kesho kila mvivu atasema naye alikuwa anaigiza. Aje Alhamisi, aitwe, aseme amesikia, azoe tope hadi tumalize. Nitachonga kijiti kipya mwenyewe, na Ijumaa nafungua maji yenu, walioko mbele watangoja siku moja."

"Na nikijibu mimi? Shamba nalima mimi, baba. Kila mtu anajua."

"Mume aliye hai anajijibia. Mjane ndiye anayejibu mwenyewe na kuwa na kijiti chake. Ndivyo tulivyokuta." Alisema hivyo kama mtu anayeeleza njia, bila kukusudia kitu kingine.

Nyumbani, Eliwaza alileta habari. Alizileta kwa upole, amepika kwanza, amesubiri ashibe. Hezroni alifuta mikono, akachomoa bahasha mfukoni. Bwana Maendeleo alikuwa ameandika: mchezo uchezwe Same, uwanja wa boma, mbele ya Bwana Shauri. Siku yenyewe Alhamisi.

"Basi umwambie asogeze siku," Eliwaza akasema.

"Serikali isogeze siku kwa ajili ya tope?"

"Kwa ajili ya mahindi. Yameanza kujikunja majani. Nenda useme neno moja, Hezroni. Neno moja tu. Wewe maneno unayo gunia zima."

"Unataka mvivu atubu mbele ya watu wale wale," Hezroni akasema kwa huruma, kama anayemweleza mtoto. "Huo mwisho ni wa kitoto. Nimewaacha na kimya kikubwa. Ukirudi ukasema umesikia, kimya chote kimeharibika."

"Mahindi yanakauka!"

"Mimi nazungumza habari za Same, wewe unazungumza mahindi."

Eliwaza alimchukia. Hakujua kama chuki hiyo ilizaliwa siku ile au ilikuwapo siku nyingi imelala, lakini aliihisi wazi, na haikumtisha. Kilichomtisha ni kwamba katika uso wa mumewe hapakuwa na ubaya wowote. Hakuwa mlevi, hakumpiga, hakwenda kwa wanawake wengine. Alikuwa tu hayupo, na alikuwa hayupo kwa furaha kubwa.

Ili asionekane mtu mbaya, Hezroni alimwandikia Simeoni barua. Ilikuwa kurasa tatu, kwa vina, ikieleza heshima ya sanaa tangu enzi za Daudi mpiga kinubi, na muhuri ulipigwa kila ukurasa. Simeoni hakujua kusoma, akampelekea mwinjilisti. Mwinjilisti alisoma ukurasa wa kwanza, akasema kichwa kinamgonga, akaomba radhi. Jumatano asubuhi Hezroni akateremka Same na kodiani mgongoni. Kitanda kilibaki kwa kukosa wabebaji, lakini blanketi alilichukua.

Alhamisi baragumu lililia jua likiwa bado halijapanda juu ya mlima. Eliwaza aliwaacha binti zake kwa jirani, akapita shambani kwanza. Alishika jani moja la mhindi, lilikuwa limejikunja jembamba kama utambi wa taa. Akapanda kwenda ndivani, akaingia kwenye tope kabla ya mtu yeyote, akazoa karai baada ya karai bila kuinua uso. Walipomaliza, watu wakanawa miguu. Zipora akaimba wimbo, taratibu, kama asiyependa ufike mwisho.

"Hezroni!" akaita.

Watu walitazamana. Wote walijua yuko Same, lakini mzee alikuwa amesema ataitwa, naye akaitwa.

"Hezroni!"

Eliwaza alitoka kwenye kundi la wanawake, akasimama pale palipokuwa pamewekwa kitanda wiki iliyopita. Matope yalikuwa yamemfika juu ya magoti.

"Hezroni!"

"Nimesikia," Eliwaza akasema.

Mzee mmoja nyuma akaguna. Simeoni akainua mkono wamwache aseme. "Mwanangu, tulikwisha zungumza. Aliyeitwa ni mume."

"Sina mume, baba. Hezroni amekufa. Mimi ni mjane, na ninajibu mwenyewe."

Hakuna aliyecheka. Neno hilo mlimani halitamkwi ovyo, na Eliwaza alilitamka kwa sauti kavu, akimtazama mzee usoni. Alikuwa na aibu, na alikuwa na hasira, na chini ya vyote viwili alikuwa na huzuni ya msichana wa miaka kumi na tisa aliyeimbiwa kando ya njia ya mtoni. Simeoni alimgeukia Zipora, maana marehemu alikuwa ndugu yake, tumbo moja, na mwenye kuukataa msiba ule alikuwa ni yeye.

"Zipora. Umesikia anavyosema wifi yako?"

Zipora alikuwa akilia bila kutoa sauti. Alijipangusa kwa kiganja chenye tope, likabaki mstari shavuni. Angesema neno moja tu, kwamba kaka yangu yuko hai, na yangekwisha hapo. Alitazama chini bondeni, shamba la kijani kilichofifia katikati ya mashamba yaliyonyweshwa, akatazama miguu ya Eliwaza. Kisha akafungua kinywa akaanzisha wimbo wa kushukuru waliozoa, ule unaotaja nyumba moja baada ya nyingine. Ilipofika zamu ya nyumba ya kaka yake, akaimba jina la Eliwaza.

Wanawake wakaitikia. Simeoni akachomoa kisu, akakata tawi, akalichonga pale pale wote wakitazama, akalichomeka mwanzo wa safu.

Hezroni alirudi Ijumaa, kiasi cha saa tatu asubuhi. Lori la Chande lilimfikisha mwisho wa barabara, na Iddi dereva ndiye aliyeeleza baadaye mambo yalivyokuwa Same. Wanawake hawakuwapo, kwa hiyo Hezroni aliimba sehemu yao yeye mwenyewe kwa sauti nyembamba, akakimbilia kwenye benchi aliloazimwa na Chande, akajifunika, akakoroma, akafunuka, akakimbia kuita tena. Akawa na Simeoni vilevile, akang'oa kijiti. Watu wa Same, wafanyabiashara na watu wa reli na Wamasai waliokuja mnadani, hawajui kijiti ni kitu gani. Waliulizana kama yule bwana ana malaria. Bwana Shauri aliondoka kwenye mwito wa pili, alikuwa na kesi. Chande alimpelekea chai kwa kumhurumia.

Lakini Hezroni alishuka bondeni kofia upande, anatabasamu.

"Eliwaza! Walishikwa! Waliduwaa hata makofi wakasahau kupiga. Ule mchezo..." Akanyamaza. Maji yalikuwa yanapita kati ya mistari ya mahindi, mekundu, taratibu, na udongo ulikuwa unayanywa kwa mlio. Mkewe alikuwa amesimama ndani yake na jembe, sketi ameifunga kiunoni. "Ahaa," Hezroni akasema. "Barua yangu imewaingia."

"Barua yako haikusomwa ikaisha."

"Sasa wamefunguaje?"

Eliwaza aliegemea mpini. Alikuwa amefikiri usiku kucha namna ya kumwambia, na sasa hakuona sababu ya kupamba. "Kijiti ni changu. Jana walikuita, nikajibu mimi. Niliwaambia umekufa. Dada yako akakubali, na mzee akakubali. Kwa watu wa ndiva mimi ni mjane."

Akangoja. Alikuwa tayari kwa matusi, na hata kwa kofi, mara ya kwanza maishani. Kama angekasirika, angemheshimu kidogo. Kama angeona haya, angevua viatu akaingia majini, pengine wangeanza upya, maana moyo wa Eliwaza haukuwa mgumu kama ulimi wake. Ndege walikuwa wanapiga kelele kwenye migomba. Hezroni alisimama ukingoni mwa mfereji, uso umembadilika, akavua kofia na kuishika kifuani kwa mikono miwili.

"Mbele ya watu wote?" akauliza polepole.

"Wote."

"Na Zipora alikuwapo."

"Alikuwapo."

Alisogea hatua moja, akateremsha sauti, macho yanamng'aa.

"Walilia?"

Eliwaza aliacha kuegemea mpini.

"Zipora alilia," akasema. "Wengine walikuwa wananawa miguu."

"Na wewe?"

"Mimi nilikuwa nangoja maji."

Akainama, akaziba mstari wa kwanza kwa udongo na kuufungua wa pili, kwa kuwa jua lilikuwa limepanda na ndiva ilikuwa inakaribia kwisha.